Filamu isiyo na neno hata moja kuhusu sanaa ya Armenia: tuweke mtafsiri au tuiache ilivyo? (Bagamoyo)

Kizingiti_Bgm

Habari za jioni wakuu, na wakubwa shikamooni.

Tunaandaa onyesho la wazi hapa Mji Mkongwe, Bagamoyo. Filamu ni ya dakika 52 na inahusu sanaa na urithi wa Armenia: mawe ya misalaba, vitabu vya kale vilivyoandikwa kwa mkono, makanisa yaliyochimbwa ndani ya mwamba, wafuma zulia, kinamama wanaooka mkate, wapiga zumari. Haina msimulizi, haina mahojiano, haina maandishi chini ya picha. Ni patasi, upepo, kurasa zinazofunuliwa na muziki, basi. Ruhusa ya maandishi ya mwenye filamu tunayo na kwa Afisa Utamaduni tumeshapita, kwa hiyo hayo msihangaike nayo.

Watazamaji tunatarajia kama 80: wachongaji wa milango, wanafunzi wa sanaa, wazee wa mtaa, na watoto, ambao hata usipowaalika watakuja. Kamati imegawanyika. Nusu wanataka mtafsiri na maiki kama kwenye vibanda umiza, wanasema bila hivyo dakika ya 10 uwanja utakuwa mtupu. Nusu wanasema ukiweka mtafsiri umeiua filamu.

Vifaa: projekta ya taa ya lumeni 3,000 (uwiano wa umbali ni 1.5), kitambaa cheupe cha upana wa mita 3, spika 2 za inchi 12 zenye amplifaya ndani, laptop, jenereta ya kVA 2.5. Uwanja umezungukwa na ukuta wa mawe pande tatu, upande wa bahari, mashariki, uko wazi.

Naomba ushauri: mtafsiri awepo au asiwepo? Watu waambiwe nini kabla? Kiufundi ni nini huwa kinaharibika? Na jambo moja la busara: misalaba ni mingi sana humo, na mtaa wetu wengi ni Waislamu.

Patasi_Kumi

Mtafsiri usiweke. Na sababu si kumheshimu msanii wala nini, ni sauti. Filamu ya aina hii maana yake imekaa kwenye sauti ndogondogo. Mawe ya misalaba huchongwa kwenye tufu, jiwe la majivu ya volkano lililogandamana, au kwenye basalti. Patasi juu ya tufu hutoa mlio mkavu na mfupi, kama unapiga tofali bichi. Juu ya basalti mlio unapanda, unalia. Mchongaji wa mlango akisikia pigo la kwanza tu atajua jiwe ni laini au gumu, na mkono wa fundi unafanya kazi nzito au nyepesi. Mweke mtu wa maiki anayesema "hapo unamwona fundi akichonga jiwe", umempa mtazamaji alichokwishakiona na umemnyang'anya alichokuwa akikisikia.

Jiwe lenyewe linaitwa khachkar. Khach ni msalaba, kar ni jiwe. Yalianza kusimamishwa karne ya 9, na kazi nzuri zaidi ni za karne ya 12 hadi ya 14. Mengi yanafika kimo cha mita 1.5. UNESCO iliiweka sanaa hii kwenye orodha ya urithi usioshikika mwaka 2010. Kwa desturi uso wenye nakshi huelekezwa magharibi, ili anayelitazama awe ameelekea mashariki.

Huo mwelekeo ndio utakaokueleza kwa nini filamu hizi zina picha ndefu zisizosogea. Asubuhi uso wote wa jiwe uko kivulini na nakshi haionekani. Jua likishavuka utosi linaanza kuukwaruza uso kwa upande, na hapo kila mfereji wenye kina cha nusu sentimita unatupa kivuli chake. Nakshi inainuka kama inachongwa mbele yako. Ikifika alasiri jua linaupiga uso moja kwa moja na kila kitu kinalala tena. Kwa hiyo mkiona jiwe moja limekaa kwenye skrini muda mrefu na hakuna kinachotokea, msidhani laptop imekwama. Kinachosogea ni kivuli. Fuateni ukingo wake.

Wachongaji wenu waambieni walisome jiwe kutoka chini kwenda juu, vilevile kama wanavyosoma mlango. Kwenye mlango wa pwani chini pana samaki au mawimbi, shina linapanda na miimo, mnyororo unazunguka nje, juu kwenye kizingiti panakaa waridi au yungiyungi. Kwenye khachkar chini pana duara kama gurudumu la jua, kutoka hapo panachipua majani mawili, moja kila upande, katikati unapanda msalaba ambao ncha za mikono yake zinapasuka kama machipukizi, pembeni zabibu na komamanga, juu kabisa pana ukingo kama kofia. Na nyuma ya vyote hivyo kuna fundo juu ya fundo, uzi mmoja unaopita juu na chini bila kukatika. Tazameni hasa kazi ya fundi Poghos ya mwaka 1291 pale kwenye monasteri ya Goshavank kama imo humo: ameshuka tabaka baada ya tabaka hadi jiwe linafanana na kimia.

Hatua za kazi ni hizi, maana wachongaji watauliza: jiwe linanyooshwa uso, linachongwa kwa nyundo na patasi za aina kadhaa hadi zile nyembamba kama kalamu, halafu linasuguliwa kwa mchanga laini. Penye kovu au ufa mdogo panazibwa kwa udongo au chokaa, kisha linapakwa rangi. Hiyo rangi kwenye mawe ya zamani imeshaondoka, ndiyo maana watu hudhani yalikuwa ya kijivu tangu mwanzo.

Kuhusu misalaba: khachkar nyingi hazina mwili wa Yesu juu yake (la monasteri ya Haghpat la mwaka 1273 ni katika machache yenye mwili). Msalaba umechorwa kama mti unaoota. Semeni hivyo kwa sentensi moja, kwamba ni nchi iliyopokea Ukristo tangu mwanzoni mwa karne ya 4, na mawe haya ni ya kuwakumbuka watu, kushukuru na kulinda mahali. Mji wenye misheni tangu 1868 na misikiti ya Kaole ya kale kuliko hiyo hautashtuka. Mkianza kuomba radhi mapema ndipo mtawapa watu wazo la kukasirika.

Sauti_ya_Kibanda

Patasi_Kumi, kwa heshima, kazi ya mtafsiri wa muvi hamjaielewa. Mtafsiri mzuri wa kibandani hatafsiri. Anaonyesha. Anasema "mcheki yule mwenye koti, usimwamini", na watu 60 wanageuza macho kwenye koti. Bila mtu wa kuelekeza macho, mtazamaji aliyezoea muvi za mapigano anatafuta mtu wa kumfuata, hampati, anatoa simu. Sasa hivi simu 3 zikiwaka mbele, onyesho limekwisha.

Lakini nakubali kwamba kwenye filamu hii asikae juu ya sauti. Basi mtumieni kabla. Mpeni dakika 6, zisizidi. Nane ni nyingi, watoto wanaanza kurushiana mchanga. Na asitoe historia. Atoe kazi za kufanya.

Mnaweka meza mbele. Juu yake: kipande cha jiwe la tumbawe, patasi, komamanga lililopasuliwa, na tete kavu. Mtafsiri ananyanyua kimoja kimoja, vinapita mikononi mwa watu vikirudi mezani. Halafu anagawa kazi. Watoto: hesabuni komamanga linatokea mara ngapi, kwenye jiwe, kwenye kitabu, kwenye zulia, mezani. Wachongaji: ni fundi yupi anapiga kwa mkono wa kushoto? (Hii utaipanga baada ya kuitazama filamu mwenyewe, usiulize kisichokuwemo.) Kinamama: mkate unatolewa jikoni kwa kitu gani? Wazee: nani kati ya wapiga muziki wawili hapumui?

Mtu mwenye kitu cha kutafuta hahitaji kuambiwa atazame wapi. Na zile sehemu za kawaida za filamu hizi, kama dakika ya 8 hadi ya 15 ambapo hakuna sura ya mtu, ndipo kazi hizi zinawashika. Msichapishe karatasi za maelezo. Gizani hazisomeki, na watakaozisoma watazimulika kwa simu.

Makosa mawili ya mtafsiri wa mwanzoni, akatazwe: kutaja majina zaidi ya matatu ya kigeni (watu wanakatika), na kueleza mwisho.

Nzumari_Chumbageni

Niko upande wa Tanga, nitaongeza pale ndugu zangu walipopita haraka.

Kwanza, wale si wapiga zumari. Ala inaitwa duduk, nayo na zumari ni ndugu wa mbali. Zote mbili zina mdomo wa tete lenye ndimi mbili. Lakini nzumari yetu bomba lake linapanuka kuelekea chini, kwa hiyo sauti inatoboa, inashinda ngoma uwanjani. Duduk bomba lake ni nyoofu, limechongwa kwa mti wa aprikoti, urefu wa sentimita 28 hadi 40, na tete lake ni pana, nene, lililobanwa mdomoni. Sauti inatoka laini, karibu na koo la mtu anayeimba akiwa amefumba mdomo. Ndiyo maana spika zenu zikiwekwa kama za mnanda, duduk itageuka nyuki ndani ya debe.

Wapigaji huwa wawili. Mmoja anachukua wimbo, wa pili anashika sauti moja tu chini yake, bila kuiachia hata sekunde. Hiyo inaitwa dam. Anaifanyaje? Anajaza hewa mashavuni, anaisukuma kwa misuli ya mashavu huku anavuta pumzi kwa pua. Mpiga nzumari yeyote wa pwani anaijua mbinu hiyo. Swali la Sauti_ya_Kibanda kwa wazee ni zuri, ila jibu ni kwamba anapumua, ameficha tu. Watazame puani.

Vitabu. Kama filamu imefika Yerevan, mji mkuu, basi imeingia Matenadaran, hifadhi yenye takriban maandiko 23,000, iliyoingizwa kwenye Kumbukumbu ya Dunia ya UNESCO mwaka 1997. Herufi za Kiarmenia zilitungwa na Mesrop Mashtots mwaka 405, herufi 36, na nyingine zikaongezwa baadaye. Kuna picha moja wapiga filamu hawaiachi: kitabu kikubwa kupita vyote kimewekwa karibu na kidogo kupita vyote. Kikubwa ni mkusanyiko wa mahubiri unaoitwa wa Mush, ulioandikwa 1200 hadi 1202 kwenye ngozi ya ndama, kilo 28 hivi. Kidogo ni kalenda ya mwaka 1434, gramu 19. Kile kikubwa mwaka 1915, wakati wa mauaji ya kimbari ya Waarmenia, kilibebwa na wanawake wawili waliokigawa nusu kwa nusu kwa sababu mmoja asingekiweza. Nusu moja ilifika Etchmiadzin, ya pili ilifukiwa Erzurum ikaja kupatikana baadaye. Filamu isiyo na maneno haiwezi kukwambia hilo. Hapa ndipo mtafsiri wenu atumie jina lake moja kati ya yale matatu: akiwaambia mapema kwamba kitabu hiki kiliwahi kubebwa na wanawake wawili kwa miguu, picha ile ya sekunde 20 itanyamazisha uwanja.

Nyekundu ya kurasa zile, ile isiyofifia, inatoka kwa mdudu. Waarmenia humwita vordan karmir. Anaishi kwenye mizizi ya nyasi za ardhi ya chumvi uwanda wa Ararat, na hujitokeza juu vuli, asubuhi mapema, muda mfupi tu. Wanaokotwa, wanakaushwa, wanasagwa. Mkiona watu wameinama asubuhi kwenye majani bila sababu inayoonekana, ndio hao. Na herufi za mwanzo wa sura tazameni vizuri: ni ndege. Shingo imepinda ikawa mkono wa herufi, mdomo umeshika mkia wa ndege mwenzake. Hii nayo wapeni watoto.

Mkate ni lavash. Tanuri lake, tonir, limezikwa ardhini, na unga uliotandazwa mwembamba unalazwa kwenye mto wa kitambaa na kubandikwa kwa kofi kwenye ukuta wa ndani. Anayejua mofa inavyobandikwa hahitaji maelezo. Ukikaushwa unakaa miezi, ukitaka kuula unaunyunyizia maji unalainika. Zulia sitakaa nalo. Angalieni fundo tu, uzi unazungushwa nyuzi zote mbili za mtande, ndipo zulia likawa gumu kuliko linavyoonekana.

Kubwa zaidi kuliko yote hayo: msiikate filamu. Najua kamati. Mtu atasema jiwe lile tumeshaliona dakika ya 4, mbona linarudi dakika ya 31 na tena mwishoni, tupunguze iwe dakika 40. Marudio yale ndiyo sarufi yake. Armenia ina mtengeneza filamu anaitwa Artavazd Peleshyan, mzaliwa wa 1938, aliyeijengea hoja kazi hii na kuiita montaji ya umbali (montaji ni upangaji wa picha za filamu). Wengine waliamini maana inazaliwa picha mbili zinapogusana. Yeye alizitenganisha: unaweka picha, unaondoka, unapita mambo mengine 10, unairudisha ile ile, na sasa imebeba yote yaliyopita katikati. Filamu yake ya 1975 kuhusu wachungaji na misimu ya mwaka ni ya nusu saa hivi, nyeusi na nyeupe, haina msimulizi, na wachungaji wanaoteremka mlimani wamekumbatia kondoo wanarudi tena na tena hadi unasahau ni mteremko upi. Karibu kila anayetengeneza filamu isiyo na maneno juu ya nchi ile amepita mlango huo.

Ni kama kiitikio. Hakuna anayesema kiitikio cha pili kifutwe kwa kuwa tumeshakisikia.

Ndiyo maana pia kazi ya kuhesabu komamanga si mchezo wa watoto. Anayehesabu anafuata montaji bila kujua jina lake.

Waya_wa_Ngamiani

Nami ni wa Tanga. Upande wa ufundi, nitaandika yanayoharibika kweli.

*Mwanga.* Kitambaa cha mita 3 kwa kimo cha 1.69 ni mita za mraba 5. Lumeni 3,000 kugawa kwa 5 ni luksi 600 kwenye karatasi. Ukichagua hali ya sinema, na ni lazima uichague kwa sababu ile hali angavu inageuza dhahabu ya kurasa kuwa kijani, unabaki na 350 hadi 400. Hizo zinatosha kabisa gizani. Mwezi mpevu hautoi hata luksi nusu, usikuhangaishe. Adui ni taa ya barabarani: ikimwaga luksi 15 kwenye kitambaa, weusi wako unapanda, na sehemu angavu kabisa inabaki mara 25 tu ya ile nyeusi. Kwenye picha za mchana mlimani hamtagundua. Kwenye kanisa la Geghard, ambalo sehemu yake imechongwa ndani ya mwamba na mwanga unaingia kwa tundu moja la juu, mtaona ukuta wa kijivu na hakuna kanisa. Ombeni taa izimwe au izibwe upande mmoja kwa bati.

*Muda.* Jua huzama saa 12 na nusu hivi, na giza letu linakuja haraka. Lakini msianze saa 1 na nusu, adhana ya Isha itaangukia katikati ya onyesho, na filamu hii haina sauti ya kushindana nayo wala haifai kushindana. Mtafsiri aanze watu wakishatoka msikitini, filamu ianze saa 2 na robo.

*Skrini.* Kitambaa kisicho na matundu kikisimama upande wa bahari ni tanga la jahazi, kitaondoka na fremu. Kiwekeni ukuta wa kusini, kwenye fremu ya mabomba, kifungwe kwa mipira ya baiskeli kila sentimita 30 ili kinyumbuke badala ya kuchanika. Nyuma yake kitambaa cheusi, la sivyo mwanga unapita na rangi zinafifia. Ukingo wa chini uwe mita 1.2 kutoka ardhini. Ukuta wa Mji Mkongwe msiuguse kwa msumari wala kuupaka chokaa. Ni wa Mambo ya Kale, na plasta yake ya zamani inabanduka kipande kizima.

*Projekta.* Uwiano 1.5 mara mita 3 ni mita 4.5. Iko katikati ya watu, hakuna jinsi. Meza fupi, mikeka pande mbili, viti nyuma yake, safu ya mwisho isizidi mita 10 la sivyo zile herufi za ndege ni nukta. Iwekwe ielekee kitambaa sawasawa. Mkiinyoosha picha kwa menyu, projekta inatupa sehemu ya nukta zake na nakshi nyembamba zinakuwa na ukungu. Feni yake itasikika kwenye sehemu za kimya. Msiifunike kwa boksi, itachemka na kujizima. Wakalisheni watoto karibu nayo, wao wenyewe wana kelele kuliko feni.

*Kugugumia kwa picha.* Hili wengi hawalijui. Filamu nyingi za upande ule zina picha 25 kwa sekunde, laptop inatoa 60. Sitini kugawa kwa 25 ni 2.4, haigawanyiki, kwa hiyo picha nyingine inakaa mara 2, nyingine mara 3. Kwenye muvi ya mapigano hakuna anayeona. Kamera ikipita polepole juu ya ukurasa wa kitabu, ukurasa unakwenda kwa kusitasita kama gari lenye mafuta machafu. Angalieni faili ni picha ngapi; kama ni 25, wekeni laptop kwenye hetsi 50. Kama ni 24, wekeni 24 ikiwa projekta inakubali. Na ile huduma ya kulainisha mwendo izimwe.

*Sauti.* Spika zikae pande zote mbili za kitambaa, kwenye stendi, mita 2 kwenda juu, zikiinamishwa kidogo. Vitufe vyote vya kuongeza besi virudi katikati. Tafuteni kipande chenye kwaya yenye nguvu, pangeni sauti hapo hadi isipasuke, halafu msiguse tena. Kosa la kila opareta ni kupandisha sauti mahali pa kimya akidhani imeshuka. Dakika mbili baadaye kwaya inaingia na watoto wanalia. Mkisikia mvumo wa mmm, chomoeni chaja ya laptop kwanza. Ukikoma, ni mzunguko wa ethi (waya wa ardhini), lisheni laptop na spika kutoka waya mmoja. Hakikisheni pia laptop haipeleki sauti kwenye kispika kidogo cha ndani ya projekta.

*Umeme.* Projekta wati 300, spika na laptop mnabaki chini ya kilowati moja. Jenereta yenu inatoa kilowati 2, inatosha. Iwe mita 30, nyuma ya ukuta, upande upepo unakokwenda. Waya wa milimita za mraba 2.5, na ufunuliwe wote. Ukiachwa umeviringishwa kwenye gurudumu lake unapata joto hadi plastiki inalainika. Tangi lijazwe kabla. Projekta na laptop zipite kwenye UPS (kifaa chenye betri kinachoendelea kutoa umeme ukikatika) ya VA 1,000. Taa ya projekta umeme ukikatika ghafla feni inasimama ikiwa bado ya moto, na hata umeme ukirudi itakataa kuwaka kwa dakika kadhaa. Dakika kadhaa za giza uwanjani mnazijua.

Laptop: zima intaneti kabisa. Mlio mmoja wa ujumbe kwenye filamu hii ni kama sahani kuvunjika.

Kizingiti_Bgm

Nawashukuru sana wakuu. Kamati imekubali: mtafsiri dakika 6, kisha anakaa chini na maiki inazimwa. Filamu haikatwi. Nimeangalia faili, ni picha 25.

Limebaki moja. Filamu ikiisha kuna wanaotaka mgeni rasmi ahutubie pale pale, na wengine wanataka maswali na majibu. Tufanyeje?

Patasi_Kumi

Mgeni rasmi ahutubie mwanzo, kabla ya mtafsiri, wakati watu bado wanatafuta pa kukaa. Mwisho msiwashe taa kubwa ghafla. Rudisheni kipande kimoja, lile jiwe na kivuli chake, dakika 3, mkisimamisha picha pale wachongaji watakapotaka. Hapo waacheni wao waseme. Mmoja ataanza kubishana kuhusu pembe ya patasi na maswali yatakuja yenyewe.

Waya_wa_Ngamiani

Na mkimaliza msichomoe projekta. Zimeni kwa kitufe, subirini feni isimame yenyewe, ndipo jenereta izimwe. Watu huzima jenereta kwanza kwa sababu ndiyo yenye kelele.